Jibu: Shahada iko sandukuni, kazi ni kulea watoto

> Shikamooni wakubwa. Nipo Paris mwaka wa pili. Nyumbani nilikuwa naandika habari za utamaduni gazetini. Hapa nalea watoto wawili wa watu, saa nane mchana hadi saa mbili usiku. Mama akipiga simu kuuliza kazi, nakosa la kusema. Mtu akikaa hivi miaka minne, fani yake haifi?

Marahaba, mdogo wangu. Nataka umjue Lotte Eisner. Alizaliwa Berlin mwaka 1896, akasomea sanaa hadi uzamivu, na mwaka 1927 akaanza kuhakiki filamu katika Film-Kurier, gazeti la sinema la kila siku, wakati kazi hiyo ilikuwa ya wanaume. Mwaka 1933 Wanazi wakashika nchi. Yeye ni Myahudi. Akakimbilia Paris, hapo hapo ulipo. Akala nini? Alilea watoto wa watu na kutafsiri, vibarua vya leo kipo kesho hakipo.

Vita vilipokuja, Wafaransa wakamtia kizuizini katika kambi ya Gurs, kusini-magharibi mwa Ufaransa, kwa kuwa ni Mjerumani, wakati Ujerumani yenyewe ilishamfukuza! Akatoroka, akaishi kwa jina la Louise Escoffier. Henri Langlois wa Cinémathèque française, hifadhi ya filamu ya Paris, alikuwa ameficha filamu katika ngome moja huko Béduer, kijiji cha kusini-magharibi, na Eisner akawa anazikagua huko. Mwone mama huyo kwenye baridi: anafungua kopo, anakagua mkanda, anaandika ni filamu gani, anashika kopo jingine. Na mikanda ya enzi hizo hushika moto upesi.

Baada ya vita alikuwa mhifadhi mkuu wa Cinémathèque kwa takriban miaka 30. Kitabu chake kuhusu filamu za kimya za Ujerumani, L'Écran démoniaque, kilitoka mwaka 1952 kwa Kifaransa kwanza. Wajerumani walikipata kwa lugha yao baadaye. Waongozaji vijana wa filamu kule Ujerumani, akina Werner Herzog na Wim Wenders, walimheshimu kama mzazi. Mwaka 1974 Herzog aliposikia ni mgonjwa sana, alitoka Munich kwa miguu hadi Paris, akiamini akifika kwa kutembea mama hatakufa. Eisner aliishi hadi 1983.

Sasa yako. Peleka vyeti ENIC-NARIC, kituo cha Ufaransa cha kutambua vyeti vya nje, upate barua ya kulinganisha shahada. Usingoje mpaka mtu akuombe. Halafu andika kila wiki, hata Kifaransa chako kikiwa na makosa. Mimi nikilea watoto Lyon daftari langu lilikaa juu ya friji. Mtoto akilala naandika hadi maziwa yachemke. Makala yangu ya kwanza hapa ilitoka kwenye daftari hilo.

> Asante sana, dada. Vyeti nimevitoa sandukuni usiku huu, naviskani kesho kabla ya zamu. Jumamosi nitakwenda maktaba ya Cinémathèque, Bercy, nikakitafute hicho kitabu. Mama nitampigia Jumapili nimwambie kazi ninayofanya.