Mjadala: Je, picha za majarida ndizo zilizompa maskini wa Marekani sura ya Mweusi?

Mleta Mada

Wakuu, salaam. Profesa Martin Gilens alipekua majarida matatu makubwa ya habari ya Marekani, Time, Newsweek na U.S. News & World Report, kuanzia 1988 hadi 1992. Kati ya maskini wote walioonekana pichani, asilimia 62 walikuwa Weusi. Kwenye takwimu za serikali za kipindi hicho, Weusi walikuwa asilimia 29 ya maskini wa nchi nzima. Wananchi wa kawaida, walipoulizwa, walikadiria kuwa Weusi ni karibu nusu.

Msimamo wangu ni huu: picha ndizo zilizojenga dhana hiyo, na dhana hiyo ndiyo iliyolainisha njia ya kufutwa kwa AFDC, ule mpango wa kuzipa fedha familia maskini zenye watoto. Sheria ya 1996 iliuondoa, ikaleta TANF, mpango wa msaada wa muda, wenye ukomo wa miezi 60 kwa fedha za serikali kuu. Anayepinga aje na hoja.

Msema Hapana

Hesabu nazikubali, hitimisho silikubali. Gilens huyohuyo aliwauliza wahariri wa picha wa majarida hayo wakadirie idadi ya Weusi kati ya maskini. Wastani wa majibu yao ulikuwa asilimia 42. Maana yake ni kwamba wahariri walikuwa na dhana ileile ya wasomaji wao. Picha ilifuata dhana, haikuizaa.

Pili, katika kampeni ya urais ya 1976 Ronald Reagan alizunguka na habari ya mwanamke wa Chicago anayejipatia misaada kwa majina ya uongo. Hakuonyesha picha, wala hakutaja rangi. Wasikilizaji walijaza rangi wenyewe.

Mleta Mada

Waliitoa wapi hiyo rangi, ndugu yangu? Tazama miaka. Aprili 1964 Rais Johnson alikwenda Inez, Kentucky, akapigwa picha kwenye baraza la nyumba ya familia ya Wazungu maskini. Hiyo ndiyo ilikuwa sura ya vita dhidi ya umaskini alivyovitangaza Januari mwaka huo. Katika majarida yale matatu, Weusi walikuwa asilimia 27 ya maskini wa pichani mwaka 1964. Kufika 1967 ni asilimia 72. Miaka mitatu tu! Na katika miaka hiyo mitatu Weusi kati ya maskini halisi hawakuvuka theluthi moja.

Kilichobadilika ni habari. Ghasia za mitaa ya Weusi zililipuka Watts, Los Angeles, Agosti 1965, na Detroit Julai 1967, na wapigapicha wakahamishwa kutoka milima ya Appalachia kwenda mitaa ya mijini. Halafu mdororo wa uchumi wa 1982 na 1983 ulipofika, walalahoi wakiandikwa kama wafanyakazi waliopoteza kazi bila kosa lao, idadi ya Weusi pichani ilishuka hadi asilimia 33. Habari ya huruma, sura nyeupe. Habari ya lawama, sura nyeusi. Kwenye habari zilizohusu lile lililoitwa tabaka la chini kabisa, kati ya 1988 na 1992, maskini wote waliopigwa picha walikuwa Weusi. Nataka kila anayechangia hapa aanzie kwenye mpishano huo.

Mzee wa Takwimu

Kabla hamjaenda mbali, wekeni sawa namba mbili zinazochanganywa kila siku. Mwaka 1990 asilimia 31.9 ya Wamarekani Weusi walikuwa chini ya mstari wa umaskini. Kwa Wazungu ni asilimia 10.7. Hicho ni kiwango cha umaskini ndani ya kundi. Asilimia 29 ya Mleta Mada ni fungu la kundi ndani ya maskini wote. Namba zote mbili ni za kweli kwa wakati mmoja kwa sababu Wazungu ni wengi zaidi. Mtu akisikia kwamba Weusi wanaumia kwa kiwango cha mara tatu, akaelewa kwamba maskini wengi ni Weusi, amekosea, na hata wasomi hukosea hapo.

Anayetaka kurudia hesabu hii kwenye gazeti lolote afanye hivi. Chagua maneno ya kutafutia habari kabla ya kufungua toleo hata moja, wala usiyabadilishe katikati. Hesabu watu, si picha, maana picha moja ya foleni inaweza kubeba watu 12. Asiyetambulika mwandikie "hajulikani", usibahatishe. Wawepo wahesabuji wawili, kila mmoja peke yake, halafu mlinganishe. Mkitofautiana mara nyingi, tatizo ni maelekezo yenu. Yaandikeni upya na muanze tena. Na kwa kila mtu andika pia umri, kama yuko kazini, na mada ya habari yenyewe. Wengi huiacha hatua hii ya mwisho, na bila hiyo mpishano wa 1982 usingeonekana. Ni safu hizo pia zilizoonyesha kuwa wazee na maskini wenye ajira walipigwa picha kidogo mno kuliko walivyo.

Bintihabari

Niseme upande wa chumba cha habari. Mara nyingi mhariri wa picha hupata ombi wakati makala imeshaandikwa. Muda ni mfupi, hivyo anafungua maktaba ya picha na kuandika neno "umaskini". Kinachotoka ni kile ambacho mtu mwingine, miaka kadhaa nyuma, alikibandika neno hilo. Picha ya mkulima wa Kentucky imehifadhiwa chini ya "kilimo". Ya mama wa Chicago iko chini ya "umaskini". Kosa la kwanza linazaa la pili, na hakuna aliyekusudia.

Wapo watakaojitetea kuwa ofisi ziko New York, Chicago na Los Angeles, na umaskini wa karibu ni wa Weusi. Utetezi huo haufiki mbali: katika maeneo 10 makubwa ya miji, Weusi walikuwa kama theluthi moja ya maskini.

Maelezo chini ya picha nayo yana nguvu yake. Baada ya kimbunga Katrina, Agosti 2005, picha mbili za watu wanaotembea majini na vyakula zilisambaa pamoja. Kijana Mweusi aliandikwa kuwa amepora duka, Wazungu wawili wakaandikwa kuwa wameokota. Zilitoka mashirika mawili tofauti, na kila mpigapicha alitetea alichokiona. Msomaji hakuziona zikiwa mbalimbali namna hiyo. Alizipata moja ubavuni mwa nyingine.

Msema Hapana

Nakuelewa, dada. Bado nataka ushahidi kwamba picha inabadilisha fikra, si kwamba imepotoka tu.

Mzee wa Takwimu

Upo, ingawa unahusu uhalifu. Watafiti Gilliam na Iyengar, katika utafiti uliochapishwa mwaka 2000, waliwaonyesha wakazi wa Los Angeles taarifa ya habari ya dakika kama 15. Ndani yake mliwekwa picha ya mshukiwa kwa sekunde chache tu. Sura ilikuwa ileile, rangi ya ngozi ikabadilishwa kwa kompyuta. Kundi jingine lilipewa habari ya uhalifu isiyo na mshukiwa kabisa. Katika kundi hilo, asilimia 60 walisema wamemwona mshukiwa, na kati yao asilimia 70 walisema ni Mweusi.

Msema Hapana

Hilo la mwisho linanipa nguvu mimi: waliona kisichokuwepo kwa sababu dhana ilikuwa kichwani tayari. Na jaribio la dakika 15 halinithibitishii athari ya miaka 30. Nakubali kwamba picha hulisha dhana iliyopo. Kusema ndizo zilizoua AFDC, hapana.

Tena msije mkadai kila picha ilingane na takwimu. Ukimweka Mweusi kwenye picha tatu kati ya kumi na kuishia hapo, ile asilimia 31.9 unaificha.

Bintihabari

Hapo tuko pamoja. Kwa hiyo dai langu ni la maktaba, si la mgawo: kila picha ihifadhiwe na mahali, mwaka, kazi ya mhusika na sababu ya kupigwa, na neno "umaskini" libandikwe pia kwa mkulima na mzee wa pensheni. Picha isiyo na mwaka isitumike kwenye habari ya leo. Na kila baada ya miezi sita mtu ahesabu zilizochapishwa kwa utaratibu aliouandika Mzee wa Takwimu, mhariri mkuu azione kabla ya bajeti ya wapigapicha kupangwa, ili ajue safari ijayo aitume wapi.