Mkuza wa umeme shambani kwangu umegeuka barabara ya kijiji, haki yangu ni ipi?

Mkulima_Bondeni:
Wakuu habari za saa hizi, naomba msaada wa kisheria. Nina shamba la kurithi huku Kilosa, hati hatuna ila kijiji kizima kinajua ni letu. Laini kubwa ya umeme ilipopita na kuchukua mkuza wake, yaani ule ukanda wa ardhi wa laini, walikuja wathamini wakahesabu miembe, migomba na mahindi, nikasaini fomu, hela ikaingia japo ilichelewa mno. Hilo lilishapita. Shida ni kwamba mkandarasi alichonga njia katikati ya shamba ili afikishe vyuma vya mnara, na mnara wenyewe umekaa palepale palipokuwa na kinjia cha kwenda kisimani. Mkandarasi kaondoka, njia imebaki. Sasa wa kisimani wanapita humo, bodaboda humo humo, na siku hizi malori ya mchanga nayo yameingia, mvua ikinyesha yanakwepa dimbwi yanakanyaga mahindi, njia inazidi kupanuka na matuta mawili ya mbaazi yamelala yote. Dereva ukimsimamisha anakwambia mzee hii barabara ya serikali. Mwenyekiti naye anasema nilishalipwa niache watu wapite. Ni kweli nikishachukua fidia sina sauti tena? Naweza kuweka uzio?

Kichwa_Ngumu:
Weka uzio mkuu, chimba na mtaro kabisa, shamba ni lako. Ukiendelea kubembeleza mwakani utakuta wamepima viwanja.

Dada_Wakili:
Mkulima usichimbe mtaro kwanza. Watu wa laini lazima wafike kwenye mnara wao, ukiwafungia wewe ndo utakuwa na kosa.

Ila hao wa malori wanakudanganya. Sheria ya Ardhi ya 1999 imetenganisha vitu viwili. Kuna mkuza, ambao unampa ruhusa mwenye mradi, wafanyakazi wake na wakandarasi wake kuingia kujenga na kukarabati, basi, haumpi ruhusa mtu wa mchanga. Halafu kuna njia ya jamii, hiyo ndo ya kila mtu kupita, na ina utaratibu wake wa kutangazwa, watu wanapewa taarifa, mwenye shamba anasikilizwa. Haizaliwi tu kwa sababu katapila lilipita siku moja! Na kukosa hati kusikutishe, hakimiliki ya kimila ina hadhi sawa na ile ya hati.

Sasa fidia. Sheria inataka iwe kamili, ya haki na ya kwa wakati, ikipita miezi sita inatakiwa na riba, kwahiyo hata huko kuchelewa usikuache hivihivi, angalia tarehe.

Mthamini_Mstaafu:
Nimefanya kazi hii miaka mingi. Swali la kwanza kwako kijana wangu, ile fomu inasema ulilipwa nini? Kuna miradi inatwaa ardhi moja kwa moja, hapo utaona thamani ya ardhi, posho ya usumbufu na kadhalika, na eneo la mkuza si lako tena. Kuna mingine inalipa mazao na miti tu, ardhi inabaki kwako kwa masharti, usijenge wala usipande miti mirefu. Wengi wanasaini bila kusoma halafu wanabishana kwa hisia. Itafute.

Mkulima_Bondeni:
Shikamoo mzee. Nimeitoa kwenye sanduku sasa hivi, imeandikwa mazao na miti, mstari wa ardhi wamepiga kistari. Ile njia ya mkandarasi haipo popote, na nusu yake iko nje kabisa ya mkuza, nje ya zile bikoni zao, yaani alama za mpaka walizosimika.

Dada_Wakili:
Basi kwa karatasi hiyo ardhi bado ni yako, na hiyo nusu iliyo nje ya bikoni hukulipwa hata shilingi. Andika barua kwa mwenye mradi, nakala kwa halmashauri ya kijiji na mkurugenzi wa wilaya, dai mambo mawili: ulipwe uharibifu wa nje ya mkuza, na kinjia cha kisimani kilichozibwa na mnara kirudishwe pembeni ya mnara. Hili la pili usilisahau maana wale kina mama wa ndoo hawana ugomvi na wewe, wao nao wameporwa njia yao, na ukiwatetea mkutano wa kijiji utakuwa upande wako. Mradi kama una hela ya Benki ya Dunia au Benki ya Maendeleo ya Afrika lazima una dawati la malalamiko, anzia hapo.

Ikishindikana, mkandarasi kama ni kampuni binafsi unaanzia baraza la kata, siku hizi kazi yake ni kusuluhisha tu, mkishindwana ndo unaenda baraza la ardhi na nyumba la wilaya. Shirika la umma ni mlima mwingine, notisi ya siku 90, Mwanasheria Mkuu anaunganishwa na kesi inasikilizwa Mahakama Kuu, usiende bila wakili.

Mthamini_Mstaafu:
Marahaba. Kabla ya barua pima upana wa hiyo njia kwa futi kamba mbele ya mtendaji, piga picha mbaazi zilizolala zionekane pamoja na bikoni, mtendaji asaini na kugonga muhuri. Fanya hivyo kabla hujalima, ukishapiga jembe alama za matairi zinapotea.

Mkulima_Bondeni:
Nimeshampigia mtendaji, anakuja kesho asubuhi. Wakuu kuna mwenye mfano wa hiyo barua anitupie hapa?