Mjadala: Katika kombe la taifa la wanawake, je, timu ya daraja la chini ipewe haki ya kucheza nyumbani?

Mwanzilishi wa mada (mlezi wa timu ya wasichana, Malindi):

Naileta hoja hii baada ya kuikalia kwa muda mrefu. Napendekeza kwamba katika kombe la muondoano la wanawake la taifa hapa Kenya, timu ya daraja la chini iwe mwenyeji kila inapokutana na timu ya daraja la juu, kuanzia raundi ya kwanza hadi robo fainali, badala ya jambo hilo kuachiwa bahati ya droo.

Msimu mmoja droo ilitupeleka ugenini kwa timu ya ligi kuu, magharibi mwa nchi, na tulikuwa na siku sita za kujiandaa. Jioni ya siku ya tatu tuliketi mkekani nyumbani kwa mamake nahodha wetu tukahesabu michango: noti za hamsini na za mia zilizolainika kama kitambaa, na sarafu ndani ya kopo la maziwa ya unga. Nauli ya kwenda ilitosha wachezaji kumi na watatu, ya kurudi haikuwapo. Kipa wetu, ambaye tayari alikuwa ameshona njumu zake kwa uzi wa nyavu za samaki, akauliza kama haiwezekani tukaenda kumi na mmoja tu. Sikuwa na moyo wa kuwasafirisha watoto wa watu karibu kilomita 1,000 bila kujua watarudi vipi. Tuliandika barua ya kujitoa, wapinzani wakapewa ushindi wa mezani, na kwenye jedwali la matokeo ikaonekana kwamba tumefungwa, ilhali hatukugusa mpira.

Tuzingatie pia kombe lenyewe ni la nini. Bingwa wa kombe la wanaume hupata nafasi ya kuwania Kombe la Shirikisho la Afrika. Kwa upande wa wanawake, CAF, yaani shirikisho la soka la Afrika, ina Ligi ya Mabingwa tu, iliyoanza mwaka 2021, ambayo mlango wake ni ubingwa wa ligi na mchujo wa kanda. Ndivyo Vihiga Queens, timu ya hapa Kenya, walivyofika kwenye fainali zake Misri mwaka huo wa kwanza. Kombe la muondoano la wanawake, basi, halina tiketi ya bara. Thamani yake kubwa iko katika kuikutanisha timu ya mtaani na timu ambayo wasichana wake huisikia redioni tu, na mkutano huo ukizuiwa na nauli sijui kombe limebaki na kazi gani ambayo ligi haiifanyi.

Mchangiaji wa pili (mwamuzi, Malindi):

Dada yangu, uchungu wako naufahamu, maana nimewahi kusimama katikati ya uwanja na filimbi mkononi nikingoja timu ambayo haikuja. Hata hivyo sikubaliani na dawa uliyoiandika.

Kwanza, gharama haitoweki kwa kuhamishwa. Itaangukia timu nyingine, na si timu zote za ligi kuu ya wanawake zilizo na uwezo. Pili, sheria za mchezo zinataka uwanja wenye urefu wa mita 90 hadi 120 na upana wa mita 45 hadi 90, na kanuni za mashindano huongeza juu yake vyumba vya kubadilishia nguo, gari la wagonjwa na ulinzi. Ni viwanja vingapi vya timu zetu ndogo vinavyotimiza hayo? Mimi mwenyewe nimechezesha mechi kwenye mchanga ambao mpira haudundi. Tatu, droo ni haki iliyo sawa kwa wote, na ukianza kuiegemeza upande mmoja hutajua mahali pa kukomea.

Afadhali tudai zawadi kubwa. Uingereza, bingwa wa Kombe la FA la Wanawake la msimu wa 2020–21 alipata pauni 25,000, wakati bingwa wa wanaume alipata pauni milioni 1.8. Kelele zilipigwa, na mfuko wa zawadi za wanawake ukafikishwa pauni milioni 3 msimu wa 2022–23, kisha milioni 6 msimu uliofuata. Fedha ndiyo itakayozisogeza timu.

Mchangiaji wa tatu (mzazi wa mchezaji, Lamu):

Binti yangu wa Malindi, mimi nakuunga mkono, na naomba wenzetu waelewe kwamba neno “ugenini” kwetu lina uzito mwingine. Timu ya Lamu huanza safari kwa boti hadi Mokowe, ndipo itafute basi la kupitia Witu na Garsen, na hadi Mombasa ni zaidi ya kilomita 300. Mvua za Novemba 2023 zilipoifunika barabara kwa maji huko Tana, hata mwenye nauli hakuwa na pa kupita. Kwa hiyo, hata mkisema raundi za mwanzo zichezwe ndani ya kanda ya Pwani, kanda yenyewe kwetu ni mbali.

Lipo pia jambo ambalo wapangaji hawaliulizi. Mimi nilimkatalia mwanangu kucheza kwa mwaka mzima. Sikuwa na neno na mpira wenyewe, ila sikujua atalala wapi, na nani, na atarudi saa ngapi. Kuhusu mavazi nilitulia nilipofahamishwa kwamba tangu Machi 2014 sheria za mchezo zinamruhusu mchezaji kujifunika kichwa. Moyo wangu ulitua kabisa siku nilipomwona akicheza hapa hapa kisiwani baada ya sala ya alasiri, mamake na shangazi zake wakiwa wamejipanga ukutani. Mechi ya nyumbani humleta mzazi akaona kwa macho yake, na kwa sisi wazee wa huku hilo lina nguvu kuliko barua ya mwaliko.

Mwanzilishi wa mada:

Mzee wangu wa Lamu, ahsante sana. Hoja yako ya wazazi imeipita yangu, nami naiingiza kwenye pendekezo.

Kaka mwamuzi, zawadi siipingi. Ila zawadi hulipwa aliyefika uwanjani, na zile zilizo kubwa humfikia aliyefika mwisho, nasi tulikwama jioni ya siku ya tatu, juu ya mkeka. Milioni 6 za Uingereza zisingetupandisha basi. Kwa habari ya gharama kuhama, ni kweli itahama, lakini itahamia mahali panapoweza kuibeba zaidi: baadhi ya timu za ligi yetu kuu zinalelewa na jeshi na polisi, wakati sisi tunalelewa na kopo la maziwa. Kwa zile za ligi kuu zisizo na uwezo, shirikisho lilipe nauli kabla ya mechi, kwa sababu fedha ya kurejeshewa baadaye haina maana kwa asiyekuwa na cha kutanguliza.

Kuhusu haki ya droo, kanuni ninayoitaka si ngeni. Katika kombe la Ufaransa la wanaume, timu iliyo chini kwa madaraja mawili au zaidi ikipangiwa ugenini hubadilishiwa, ikacheza nyumbani, na hakuna anayesema kwamba kombe lao limeharibika. Kombe hilo hilo linazipokea timu za visiwa vya mbali: Januari 2020, JS Saint-Pierroise ya Réunion, kisiwa kilicho katika bahari hii yetu ya Hindi, iliibandua Niort ya daraja la pili kwa mabao 2–1. Kumbe maji si kizuizi, kama wapangaji wameamua kwamba kisiwa nacho ni sehemu ya mashindano.

Wachezaji tunao. Hapa Kilifi shirika la Moving the Goalposts limekuwa likiwachezesha wasichana tangu mwaka 2001, na kitaifa Junior Starlets walikwenda Kombe la Dunia la chini ya miaka 17 mwaka 2024, timu ya kwanza ya Kenya kufika Kombe lolote la Dunia la soka, wakaifunga Mexico 2–1.

Hoja yako ya viwanja ndiyo ngumu, na hapo nakubali nusu: uwanja wa mwenyeji ukishindwa ukaguzi, mechi ichezwe kwenye uwanja wa karibu unaokubalika, si kurudishwa kwa mpinzani. Wetu tumeupima juzi kwa kamba na tumepata mita 98 kwa 61. Mchanga uko upande mmoja wa goli, nao tumeanza kuuchota. Vyumba vya kubadilishia nguo hatuna, lakini tumeomba madarasa mawili ya shule iliyo ng'ambo ya barabara. Nakuomba uje Jumamosi na orodha yako ya ukaguzi, utuambie kimebaki nini.