MREJESHO: Bima ya safari ya meli ya kitalii, kilicholipwa na kilichokataliwa

Wakuu, asanteni sana. Niliuliza kama bima italipa matibabu ya zahanati ya melini, siku za kufungiwa kabini na bandari ambayo meli iliiruka. Majibu yametoka.

Matibabu yamelipwa, baada ya kukatwa kile kiasi cha kwanza ambacho mteja hubeba mwenyewe. Aliyesema niombe ankara yenye mchanganuo kabla ya kushuka, Mungu ambariki: kumuona daktari, dripu, dawa, kila kitu na bei yake. Risiti ya kadi iliyoandikwa "matibabu" tu waliirudisha. Ripoti ya daktari ilitaja pia tarehe dalili zilipoanza, na hapo ndipo wanapochungulia kama ugonjwa ulikuwepo kabla ya kukata bima.

Kufungiwa kabini kumelipwa, ila kwa kila saa 24 kamili. Masaa ya juu yake hayahesabiwi. Barua ya daktari wa meli ilionyesha ni amri yake, na saa ya kuanza na kumaliza. Ukijifungia mwenyewe kwa kichefuchefu, hupati kitu.

Fidia ya bandari iliyorukwa, bima wamekataa. Barua ya meli ilitaja upepo mkali, lakini fidia hiyo ni nyongeza inayolipiwa kando. Ziara ya nchi kavu niliyonunua kwa wakala wa nje nayo imeenda na maji. Ile niliyonunua melini, meli yenyewe ilirudisha hela. Rufaa sikati, kipengele kiko wazi.