Lini uweke fowili? Hilux, Prado 95 na mkonga kwenye njia za Bahi, Kondoa na Kwa Mtoro

Mpimavisima

Mbukwenyi wakuu. Niko kwenye mradi wa visima. Makazi ni Dodoma mjini, ila kazi yenyewe iko Bahi, Chemba na kule Kwa Mtoro. Tuna magari matatu na dereva mmoja, kwa hiyo siku dereva akiwa safari nyingine nashika usukani mwenyewe. Kuna Hilux ya gia za mkono, Prado 95, na Land Cruiser mkonga ya zamani (ile yenye bomba la hewa lililopanda juu) yenye habu za kuzungusha kwa vidole kwenye tairi za mbele.

Shida yangu ni liva ile ndogo ya kuweka fowili, yaani tairi zote nne zivute. Kwenye Hilux imeandikwa H2 (tairi mbili), H4 (tairi nne), L4 (tairi nne, gia nzito). Prado ina H, HL, N, LL. Mkonga unafanana na Hilux, lakini nimeambiwa kwake liva peke yake haitoshi. Kila ninayemuuliza ana dini yake. Mmoja anasema ukiacha lami tu weka fowili. Mwingine anasema usiiguse mpaka ukwame, unaimaliza bure. Wa tatu anatembea nayo kutoka Dodoma mpaka Morogoro na anadai gari inatulia vizuri zaidi.

Mvua zimeshaanza na wiki ijayo naingia Bahi. Nilinganishieni: gari gani, njia gani, uweke nini.

TairiNne

Huyo wa tatu yuko sahihi. Mimi mwaka wa pili sasa natembea 4H lami na vumbi, mvua na jua, sijawahi kuona tatizo. Watu wanatishana tu.

FundiKizota

TairiNne, kabla hujampoteza mwenzio, unaendesha gari gani?

TairiNne

Pajero.

FundiKizota

Ndiyo maana. Pajero yako ina nafasi nne: 2H, 4H, 4HLc, 4LLc. Hiyo 4H yako ina difu ya katikati inayoruhusu mbele na nyuma kuzunguka kwa kasi tofauti, kwa hiyo lami haina neno. Sasa ushauri huo huo mpe mwenye Hilux uone. Herufi ni zilezile, ndani ni vitu viwili tofauti.

Mpimavisima, elewa hili kwanza, mengine yatakuja yenyewe. Ukikata kona, tairi za mbele zinapita duara kubwa kuliko za nyuma, kwa hiyo lazima zizunguke zaidi. Hilux ikiwa H4, propela ya mbele na ya nyuma, vile vyuma virefu vinavyopeleka nguvu kwenye ekseli, zimefungwa pamoja na zinalazimishwa kwenda sawa. Kwenye mchanga au tope tairi inateleza kidogo na ile tofauti inapotea. Kwenye lami kavu tairi inang'ang'ania, basi tofauti inabaki ndani, inajisokota kwenye propela na gia boksi ndogo kama kamba. Utaona usukani unakuwa mzito, gari ukiigeuza kwenye maegesho inagoma kama imeshikwa breki, halafu liva haitaki kutoka. Ikigoma usiivute kwa hasira. Rudi nyuma mita chache ukiwa umenyoosha usukani, itaachia.

Prado 95 ni ndugu yake Pajero kwa hapo. Ikiwa H, tairi zote nne zinapata nguvu muda wote na difu ya katikati iko wazi. Lami sawa, changarawe sawa. HL inafunga difu ya katikati, hapo ndipo inakuwa sawasawa na H4 ya Hilux, na masharti ni yaleyale: lami kavu marufuku. LL ni hiyohiyo iliyofungwa pamoja na gia nzito.

Mpimavisima

Kwa hiyo Prado ikiwa H tayari ni fowili, sina haja ya kugusa kitu?

FundiKizota

Hapo ndipo wenye Prado wengi wanapoaibika. Difu iliyo wazi inapeleka nguvu kule kwenye ulaini. Tairi moja ya Prado ikining'inia kwenye shimo ukiwa H, nguvu yote inaishia pale, na nyingine tatu zinakuangalia. Hilux ya H4 itakuwa imeshapita. Ukiona tope mbele, weka HL kabla hujaligusa.

Na hata ukifunga ya katikati, bado kuna difu ya mbele na ya nyuma. Kwenye mashimo ya kupishana, tairi moja ya mbele na moja ya nyuma zikiwa hewani, gari inaweza kusota na fowili yake yote. Dawa ya hapo ni difu loki ya nyuma kama gari yako inayo. Unaibonyeza ukiwa umenyooka na unaenda polepole, unaitoa ukishatoka. Usikate nayo kona.

DadaMkonga

Kaka Mpimavisima, mimi naendesha gari la afya, mkonga kama wako, nikuambie la habu maana lilinikuta mwenyewe.

Nilipokea gari asubuhi kutoka kwa mwenzangu, sikukagua. Kufika mbugani, kwenye bonde la udongo mweusi upande wa Bahi, naona tope, nikavuta liva H4, nikaingia kwa kujiamini kabisa. Mbele hakukuchangia kitu. Tairi za nyuma zikachimba mpaka ekseli ikalala chini. Habu zote mbili zilikuwa kwenye FREE. Propela ya mbele ilikuwa inazunguka, ila tairi haziko nayo. Ikabidi nishuke, nipige magoti kwenye tope, nichokonoe habu kwa vidole nizipeleke LOCK, nazo zimeshazikwa. Mgonjwa yuko nyuma anauliza tumefika.

Tangu siku ile, msimu wa mvua nafunga habu zote mbili asubuhi nikiwa bado uwanjani, sandali kavu, na naziacha hivyo siku nzima. Habu zikiwa LOCK na liva iko H2, hata lami unatembea bila madhara. Mafuta yataongezeka kidogo tu. Kiangazi nikiwa na safari ndefu ya lami ndipo nazirudisha FREE.

FundiKizota

Dada amemaliza. Naongeza moja: usiweke L4 huku habu ziko FREE. Nguvu yote ya gia nzito inaangukia ekseli ya nyuma peke yake, na mashafti yatakulilia.

ZabibuHombolo

Mnaongelea magari ya miradi tu. Mimi nina Jimny, natoa zabibu shambani na tope la Hombolo linanijua. Ina 2H, 4H na 4L kama hao wakubwa, ila uzito wake ni nusu ya mkonga. Pale wanapozama wao mimi napita juu juu kama paa. Mkitaka kulinganisha, linganisheni na uzito pia.

DadaMkonga

Na ukizama wewe watu wanne wanakubeba mkononi, tunajua.

ZabibuHombolo

Watatu, dada.

MzeeWaLiva

Vijana, hamjambo. Nimeendesha tangu enzi za Land Rover 109. Ile haikuwa na maneno mengi: kitufe cha njano ukikibonyeza ni fowili ya gia nyepesi, liva nyekundu ukiivuta ni gia nzito na fowili inaingia yenyewe. Kuitoa ile ya njano ilibidi upitie nyekundu kwanza. Dereva asiyejua alifika nayo mjini huku tairi zinalia kila kona.

Nataka niseme juu ya njia, maana nyinyi mmekaa kwenye gari tu. Hapa kwetu kuna vitu vitatu na kila kimoja kina gia yake.

Makorongo ya mchanga. Hapa si nguvu, ni mwendo. H4, gia ya pili au ya tatu, ingia na mwendo wa wastani na usikanyage breki katikati. Kabla ya hapo punguza upepo wa tairi. Mimi natoka PSI 32 nashuka mpaka 18 hivi, tairi inatandaza mguu kama ngamia. Ukiona gari inaanza kuchimba, toa mguu kwenye mafuta mara moja, rudi kwa njia uliyojia, ujaribu tena. Anayeendelea kukanyaga anachimba kaburi la difu. Ukishavuka jaza upepo, usikimbie na tairi laini.

Udongo wa mbuga. Huo mweusi ukilowa unajaza meno ya tairi mpaka inakuwa laini kama mpira wa miguu. Hapo napenda L4 lakini si gia ya kwanza. Ya kwanza inasotesha tairi. Weka ya pili au ya tatu ya L4, gari itambae bila wewe kukanyaga sana. L4 inazidisha nguvu karibu mara mbili na nusu na kupunguza mwendo kwa kiasi hichohicho, kwa hiyo hata ukigusa mafuta vibaya gari haifoki.

Milima. Kuteremka Irangi upande wa Haubi, au ukitoka milimani kule Mpwapwa, mvua ikiwa imenyesha: L4 gia ya kwanza, mguu mbali na klachi, injini ndiyo ikushikie gari. Ukikanyaga klachi umeifungulia gari iende inakotaka. Nimeona mtu anashuka kwa H2 na breki, gari ikageuka ubavu kama ng'ombe anayekataa josho.

Mpimavisima

Shikamoo mzee wangu. Swali: L4 naiwekaje? Kuna mtu alinionyesha anaiingiza gari ikiwa inatembea, ikapiga kelele mpaka nikaona haya.

MzeeWaLiva

Marahaba mwanangu. Simama kabisa, klachi chini, kisha vuta. Ikikataa, achia gari isogee kidogo sana halafu ujaribu tena. Kutoka H2 kwenda H4 unaweza ukiwa mwendoni, umenyoosha usukani, tairi za nyuma hazisoti. Kitabu cha Hilux niliyoendesha mwisho kilisema isizidi 80 kwa saa. Mimi hata 50 naona ni haraka. Angalia taa ya kijani kwenye dashibodi. Haijawaka, usijidanganye kwamba imeingia.

TairiNne

Wakuu, nimekubali kuhusu Hilux. Ila kwenye changarawe kavu mnasemaje? Mimi naona 4H inasaidia sana kwenye kona zenye kokoto.

FundiKizota

Hapo nakuunga mkono, na hapa nitapingana na wale wa "usiiguse mpaka ukwame". Barabara ya vumbi yenye kokoto na vituta vya bati, Hilux tupu ikiwa H2 nyuma inarukaruka kama mbuzi. H4 inaishika. Udongo uko laini vya kutosha, kwa hiyo hakuna kujisokota. Ila jua kitu kimoja: fowili inakusaidia kuondoka na kushika kona, haikusaidii kusimama. Breki ni zilezile, na gari zinazopinduka kwenye vumbi nyingi zilikuwa zinakimbia zikiamini fowili.

Pia, kuibania ndiko kunakoiua. Toyota wenyewe wanasema kwenye vitabu vyao utembee na fowili walau kilomita 16 kila mwezi ili vyuma vya mbele vipate mafuta. Niliwahi kuletewa gari la taasisi moja, liva haijaguswa miaka. Siku walipoihitaji ilikuwa imeganda kama mlango wa ghala.

Nkuhungu_Juu

Samahani kudandia. Mimi nina RAV4 ya zamani. Nayo ni fowili?

FundiKizota

Ni fowili ya mvua ya mjini. Inagawa nguvu yenyewe, haina gia nzito, na ukiisotesha muda mrefu kwenye tope kile kifaa cha katikati kinachemka. Nkuhungu ikijaa maji utafika nyumbani. Mbugani Bahi usiende.

MzeeWaLiva

Na hao wenye magari makubwa pia wasiende kila siku. Mto Bubu unakusanya maji kutoka juu Kondoa ndipo unamwaga mbuga ya Bahi. Jua linaweza kuwaka kichwani kwako, maji yanashuka ya mvua ambayo hukuiona. Ukifika kwenye korongo lenye maji zima gari, shuka, vua viatu, tanguliza fimbo. Kama wewe mwenyewe huwezi kuvuka kwa miguu, usimtume Toyota. Huo mkonga wake ni wa kuvutia hewa, si wa kuogelea.

Mpimavisima

Wakuu, mrejesho. Nilichagua mkonga. Habu nilizifunga mapema kama Dada alivyosema. Vumbi lote nilienda H4. Kwenye tope jeusi nikasimama, nikaweka L4 gia ya pili, nikatambaa mpaka kwenye kisima bila kusukumwa. Kurudi nilikuta Prado ya watu imelala njiani, kumwuliza dereva liva iko wapi, iko H. Nikamwambia aweke HL, tukachimba kidogo mbele ya tairi, ikatoka yenyewe.

Sasa nimefika lami, nimeshatoa L4 na H4, liva iko H2. Ila habu ya kushoto imegoma kurudi FREE. Ya kulia imekubali. Kuna nyundo ndani ya gari.

FundiKizota

Nyundo iache ilipo. Weka rivasi, rudi nyuma mita mbili tatu ukiwa umenyooka, kisha jaribu tena kwa vidole. Ikikataa rudisha na ya kulia LOCK, uje nayo hivyo hivyo taratibu. Usitembee moja imefungwa na nyingine iko wazi.

Mpimavisima

Imekubali. Asante fundi.

DadaMkonga

Na suruali iloweke leo leo kaka, tope la mbuga likikauka hilo ni la maisha.