Eti nikachemshe chai, kisa tange!

Wakuu, naandika hapa na hasira mpaka simu inanicheza mkononi. Mhusika ni mwalimu mwenzangu, mnamjua, walimu wa halmashauri yetu hamhitaji jina. Leo saa nne, ofisi ya walimu imejaa, wanafunzi wa zamu wamesimama mlangoni na madaftari, ananiita kwenye ubao wa matangazo. Tange, ile orodha ya nani mkubwa kwa nani kazini, imebandikwa. Jina lake kalipigia mstari kwa peni nyekundu, ile ya kusahihishia. Anaweka kidole: "Mwalimu, tafuta jina langu, halafu tafuta lako. Umeona? Haya, kachemshe chai."

KACHEMSHE CHAI!

Mimi nimeajiriwa 2012, daraja la mshahara TGTS D. Yeye kaja 2014 hajui hata azimio la kazi linaanzia wapi, nikamwandikia mimi. 2016 ukaja uhakiki wa watumishi hewa, madaraja yakafungwa nchi nzima. Barua yangu ya kupanda kwenda E ilikuwa imeshatoka, ikafutwa. Nimekaa na D mpaka D ikaota mvi. Mwenzangu akahamia halmashauri yenye bajeti, wakampandisha mapema, kisha karudi kwetu na daraja lake mkononi. Na tange inaangalia kwanza tarehe ya cheo ulichonacho, siyo tarehe uliyoanza kula vumbi la chaki. Basi kanipita mstari mmoja. Mstari mmoja, ndio nikachemshe chai!

Na kidole hakukitoa. Kakiacha pale pale mpaka wale watoto wa zamu nao wamesoma. Nimempigia afisa utumishi, ananijibu "subiri mserereko", yaani ule upandishaji wa tuliocheleweshewa madaraja. Nani atawafuta wale watoto hiyo chai masikioni?

Chaki Moja: Pole sana mkuu. Ila swali moja tu: ulichemsha au hukuchemsha?

Mtoa mada: Sijachemsha na sitachemsha! Labda hiyo halmashauri yote ihamie jikoni!

Ngosha wa Kanda: Amechemsha huyu 😂😂 Na tangawizi akatia.

Mama Zamu: Huyo jamaa namjua. Hata kwenye semina alitaka tukae kwa kufuata madaraja. Mwenye F akae karibu na feni.

Mzee wa Masjala: Acheni utani. Mtoa mada, andika barua kwa mkurugenzi kupitia kwa mkuu wako wa shule. Ambatanisha barua ya ajira, ya kuthibitishwa kazini na hiyo ya daraja iliyofutwa. Tange ikikosewa inarekebishwa, ila ukinyamaza umekubali.

Mtoa mada: Nipitishie kwa mkuu wa shule wakati ndiye alikuwa anaisubiri hiyo chai?

Sindano Salama: Walimu mna afadhali. Mimi nesi, nimejiendeleza toka cheti mpaka diploma, wakanibadilishia muundo wa utumishi, nikaanza upya chini. Niliowapokea kazini mimi mwenyewe leo ndio wananipangia zamu za usiku. Kusoma imekuwa kosa?

Chaki Moja: Dada yangu hapo umegusa penyewe. Mimi nina digrii toka zamani, muundo bado wa diploma. Wanasema hakuna nafasi kwenye ikama, ile idadi ya watumishi iliyoidhinishwa.

Mtoa mada: Jamani tusihame. Mbele ya wanafunzi! Nikachemshe chai!

Mstaafu Mtarajiwa: Gombanieni tange, kikokotoo cha pensheni kinawasubiri wote. Wengine tulikuwa na malipo ya mkupuo ya asilimia 50 ya mafao, 2022 wakatushusha 33, 2024 wakatupandisha 40, tena tupige makofi. Wewe unalia na chai.

Ngosha wa Kanda: Mzee usipotoshe, siyo wote 40. Waliokuwa na 25 wamepewa 35.

Mstaafu Mtarajiwa: Nimesema "wengine tulikuwa". Soma vizuri, kijana, au wewe pia ni mwalimu wa azimio la kuandikiwa?

Mama Zamu: Na pesa ya likizo je? Nauli yangu ya kwenda kwetu imegeuka hadithi. Kila mwaka najaza fomu, kila mwaka "fungu halijaingia".

Mtoa mada: Mods, hii mada ina mwenyewe!

Mwalimu Kasulu: Samahani wakuu, mwalimu wa msingi, nipo Kasulu, natafuta wa kubadilishana naye kituo cha kazi kutoka Morogoro au Pwani. Umeme upo, maji yapo, nyumba ya kupanga bei rahisi. Aliye tayari anicheki faragha.

Sindano Salama: Nesi anaruhusiwa?