Windows ya kukreki: tumlaumu fundi au sisi wenyewe?

Mwenye steshenari, Ng'ong'ona: Wadau, fundi alinipigia Windows na Office kwa elfu kumi na tano. Kwa bei hiyo leseni haimo, nilijua, nikanyamaza. Akazima antivairasi. Namuuliza mbona, ananijibu: "Ikiwa hewani itaifuta hii ya kukrekia, bosi." Juzi mafaili yote yamegoma, kila moja limebandikwa herufi nne ngeni mwishoni, na barua ya Kiingereza inadai dola 980, au 490 nikilipa ndani ya saa 72. Humo mna tasnifu za wanafunzi na kopi za vitambulisho vya NIDA. Wa kulaumiwa nani?

Fundi, Majengo: Mkuu, pole, lakini msitubebeshe sisi. Windows 11 Home kule Marekani ni dola 139. Wewe unayetoza shilingi mia kwa kopi, hizo ni kopi zaidi ya elfu tatu, wino na karatasi bado. Mteja mwenyewe ndiye anayesema "niwekee tu". Nimetumia za kukreki miaka sita, sijaona kitu.

Dada wa Area D: Kaka fundi, hiyo "sijaona kitu" ndiyo inayonitisha. Mwaka 2021 Red Canary, kampuni ya usalama wa kompyuta, walikuta KMSPico bandia (KMSPico ni programu ya kukrekia Windows na Office) imebeba kirusi kiitwacho Cryptbot. Cryptbot haifungi faili wala haidai hela. Inakwapua nywila ulizohifadhi kwenye kivinjari na kunyamaza. Na mlango umeufungua mwenyewe ulipozima antivairasi! Laptop nyingi huja na Windows yenye leseni kutoka kiwandani, mnaifuta bila hata kuangalia. Kama haina, kuna Linux Mint, mfumo wa kuendeshea kompyuta badala ya Windows, bure. Kuandikia kuna LibreOffice, au Word ya kwenye kivinjari.

Fundi, Majengo: LibreOffice na tasnifu ya mwanafunzi? Utatukanwa.

Mwenye steshenari, Ng'ong'ona: Kweli, jana nimeiweka kwenye mashine ya pili, jedwali la binti mmoja likavuka ukurasa. Sasa naomba waje na PDF, wengi wanaelewa. Hela sitatuma, walionifungia faili siwajui, nitawaaminije? Kinachoninyima usingizi ni zile kopi za NIDA. Wenyewe hawakuchagua cha bei chee, nilichagua mimi. Na tuna Sheria ya Ulinzi wa Taarifa Binafsi tangu 2022. Mngekuwa nyinyi, mngewapigia simu mmoja mmoja?